Simba hamtawali nyumbu, nyumbu ndiye anayemtawala simba (uzi mrefu, kaa mkao wa kula)

Dereva wa Nyika

Wakuu, habari za jioni.

Juzi kwenye kijiwe cha kahawa hapa Karatu kulizuka ubishi ulioniudhi hadi nikaacha kashata mezani. Mzee mmoja, tena mwenye heshima zake, anasema nyumbu ndiye mnyama mjinga kuliko wote, ameumbwa aliwe. Akamalizia: "Wajinga ndio waliwao." Kijiwe kizima kikacheka. Nilinyamaza kwa sababu ya umri wake, ila huku hamnijui sura, kwa hiyo nasema. Nimeendesha watalii Serengeti na Ngorongoro miaka kumi na nne. Mjinga labda yupo mbugani, lakini si nyumbu.

Tuanze na hesabu. Nyumbu wanaozunguka kati ya Serengeti na Maasai Mara ni kama milioni 1.3. Simba wa eneo hilo hilo ni kama 3,000. Ongeza fisi, chui, duma, na mamba wa mto Mara. Wote hao wanakula kila mwaka, na nyumbu bado wanajaa barabarani hadi unazima gari unasubiri wapite. Kama mla nyama ndiye anayepanga idadi ya nyumbu, basi hapa kuna mtu hafanyi kazi yake.

Anayepanga ni majani. Mwaka 1999 Dkt. Simon Mduma, Mtanzania mwenzetu aliyekuja kuwa mkurugenzi mkuu wa TAWIRI (taasisi ya utafiti wa wanyamapori Tanzania), alichapisha utafiti na wenzake Sinclair na Hilborn, wamepitia kumbukumbu za miaka arobaini. Nyumbu wengi wanaokufa, kama robo tatu, wanakufa kwa kukosa lishe, kiangazi kinapokaza. Meno ya simba yanachukua kilichobaki.

Na kabla ya hapo kuna habari ya sotoka. Ugonjwa huu uliingia Afrika mwishoni mwa miaka ya 1880 ukafyeka ng'ombe, nyati na nyumbu kwa pamoja, wafugaji wakabaki na mazizi matupu. Ukaendelea kukaa kwa ng'ombe, kila mara ukiwarukia ndama wa nyumbu. Ng'ombe walipochanjwa, ugonjwa ukatoweka kwa wanyamapori miaka ya mwanzo ya 1960. Mwaka 1961 nyumbu walikuwa kama 250,000. Kufika 1977 walikuwa wamevuka milioni 1.3. Simba na fisi walikuwepo muda wote huo, wanakula kama kawaida, na hawakuweza kuwazuia. Aliyekuwa amewashikilia nyumbu chini ni kirusi cha ng'ombe.

Sasa kwa nini simba anashindwa? Si kwa sababu nyumbu ana mbio sana. Ni kwa sababu nyumbu anahama. Simba ana eneo lake, analilinda dhidi ya simba wengine, na ana watoto aliowaficha kwenye mawe. Nyumbu wakiamua kuondoka hawezi kufungasha virago awafuate. Anabaki na ngiri, nyati na njaa. Kwa hiyo idadi ya simba haipangwi na ile miezi ya neema mnayoiona kwenye picha za watalii, inapangwa na miezi ambayo nyumbu hawapo. Ndiyo maana nasema nyumbu anamtawala. Anampa chakula akitaka na anaondoka nacho akitaka.

Fisi amejaribu dawa nyingine. Watafiti Hofer na East waliwafuatilia fisi wa Serengeti wakakuta mama anaacha watoto shimoni, anasafiri kilomita arobaini na zaidi hadi walipo nyumbu, anakula, anarudi kunyonyesha. Watoto wanaweza kukaa siku kadhaa bila tone la maziwa. Maisha mazima ya ndani ya nyumba ya fisi yamepindishwa na safari za nyumbu. Mnawajua madereva wa malori ya Tunduma? Ndiyo hayo hayo.

Mods, tafadhali msiunganishe uzi huu na ule wa "mnyama gani ni hatari zaidi". Naendelea chini.

Dereva wa Nyika

Sasa nije kwenye jambo lililonifanya nimheshimu nyumbu.

Mwezi wa pili, mwaka ambao mvua zilikuwa nzuri, niko Ndutu, mpakani mwa Serengeti na Ngorongoro, na wageni wawili, mke na mume, wazee. Mbele yetu nyumbu jike ana miguu miwili ya ndama imeshatoka nje, inaning'inia. Analala, anainuka, anasogea. Fisi yuko kama mita mia mbili, amekaa tu, masikio mbele. Nikasema huyu ameisha.

Jike hakukimbilia vichakani kujificha. Alijisogeza katikati ya wenzake, kwenye uwanja mweupe usio hata na kichaka cha kumficha sungura, ndama akaanguka pale. Akajaribu kusimama, akaenda chini kwa pua. Akainua makalio kwanza, akapepesuka, akaanguka tena. Mara ya tatu akasimama miguu imetanuka kama meza mbovu. Nilikuwa nimetazama saa: dakika sita. Muda mfupi baadaye yuko ubavuni mwa mama yake wanakimbia, anayumba lakini anakimbia.

Fisi alikuja. Lakini pale palikuwa na ndama kama arobaini, rangi moja ya kahawia iliyopauka, kimo kimoja, wote wanakimbia. Nilimwona fisi akipunguza mwendo, anageuza kichwa kushoto, kulia, kushoto. Kisha akachagua mmoja akampata. Hakuwa yule wetu. Mama wa kizungu akalia, mumewe akanipa chai kutoka kwenye chupa yangu mwenyewe.

Kama asilimia 80 ya ndama wa Serengeti wanazaliwa ndani ya wiki mbili tatu tu. Maelfu kwa siku moja. Fisi ana tumbo moja. Akishakula analala kwenye dimbwi la matope, tumbo limemvimba, ndama wanampita. Anayezaliwa wiki hizo anajificha ndani ya wingi. Anayezaliwa peke yake, mapema au kwa kuchelewa, kila jicho la mla nyama liko juu yake.

Mvua ndiyo iliyochagua majira. Lakini ni fisi na wenzake waliobana majira hayo yakawa wiki tatu, kizazi baada ya kizazi, kwa kuwala waliokosea tarehe.

Kichwa Maji

Nimekaa mbele kabisa na bakuli la karanga.

Ila mkuu umezidisha chumvi. Kama simba hana kazi, basi tuwaondoe wote tuone kama kutakuwa na tofauti.

Dereva wa Nyika

Mkuu Kichwa Maji, jaribio hilo lilishafanyika, na waliolifanya ni majangili. Miaka ya 1980, kaskazini mwa Serengeti, ujangili na sumu viliwapunguza sana simba, fisi na bweha. Wanyama wadogo na wa kati wakaongezeka: taya (swala mdogo), swala tomi, ngiri, swala pala, nyamera. Wala nyama waliporudi, wale wakashuka tena. Twiga? Hakutikisika, si mwanzo si mwisho.

Sinclair, Mduma na Brashares waliandika haya mwaka 2003 na wakaweka mstari kwenye uzito wa kama kilo 150. Chini ya hapo, mnyama anapangwa na wanaomla. Juu ya hapo anapangwa zaidi na chakula chake. Sababu yenyewe haihitaji digrii. Mnyama mdogo kama taya analiwa na kila mtu: simba, chui, duma, fisi, simbamangu, na ndama wake hata bweha anamtaka. Nyati mzima anatafutwa na simba tu, tena simba kadhaa na bado wanaweza kurudi na pembe ubavuni. Tembo mzima, kiboko na faru hawana wa kuwagusa isipokuwa sisi.

Kwa hiyo narekebisha kichwa cha uzi: simba anawatawala wadogo. Kwa nyumbu anayehama ni mgeni tu anayesubiri sahani.

Mama Tausi

Kaka Dereva, swali la mimi mama wa nyumbani. Fisi si ni mwizi tu? Tangu shuleni tunaambiwa anasubiri simba aue.

Dereva wa Nyika

Dada, hata mimi miaka miwili ya kwanza niliwadanganya wageni hivyo hivyo, Mungu anisamehe. Unafika kreta ya Ngorongoro saa kumi na mbili na nusu asubuhi, simba anakula, fisi wamezunguka wanalia. Picha inajieleza yenyewe, na inadanganya. Mtafiti Hans Kruuk alikaa na fisi usiku miaka ya 1960, Serengeti na Ngorongoro. Akakuta fisi wanaua wenyewe sehemu kubwa ya chakula chao, na kule kreta mara nyingi simba anasikia kelele zao, anakuja, anawafukuza, anachukua. Asubuhi mtalii anamkuta mwizi mezani na mwenye nyumba nje.

Fundi Breki

Mimi ni fundi gereji, naomba kujibiwa kifundi. Duma anapita kilomita 90 kwa saa bila shida. Swala hafikii hapo. Kwa nini swala hawajaisha?

Dereva wa Nyika

Jina lako ndilo jibu, mkuu.

Watafiti waliwafunga simba, pundamilia, duma na swala pala kola zenye vipimo huko Botswana, matokeo yakatoka 2018. Misuli ya wawindaji ilikuwa na nguvu zaidi kwa asilimia 20 kuliko ya wawindwaji. Wanachukua kasi haraka zaidi kwa asilimia 37, na uwezo wao wa kufunga breki ni zaidi kwa asilimia 72. Ukiangalia mashine tu, swala ameshindwa kabla ya mbio kuanza.

Lakini swala ndiye anayechagua lini mbio zinakata kona. Akikimbia kwa kasi yake yote, njia yake inatabirika, anakamatwa. Akikimbia kwa kasi ya wastani anabaki na nafasi ya kukata kushoto au kulia dakika ya mwisho, na duma aliyekuja na mwendo mkubwa anapitiliza. Ndiyo maana duma anahitaji breki kuliko injini. Kila mmoja amemtengeneza mwenzake: breki za duma zimechongwa na kona za swala.

Nimeliona hilo Ndutu kwa macho yangu: duma yuko futi chache nyuma, swala tomi akakata, duma akajaribu kumfuata, mkia unazunguka kama usukani, akateleza kwenye vumbi. Akakaa chini anahema. Swala akasimama mbali kidogo, akageuka kumwangalia. Hiyo ndiyo inaniua kila siku, anageuka kumwangalia.

Na mmewahi kumwona swala tomi anavyorukaruka miguu minne imenyooka anapowaona mbwa mwitu? Watu hudhani anacheza. Watafiti FitzGibbon na Fanshawe waliwapima hapo Serengeti, 1988: mbwa mwitu wanapenda kumfukuza yule anayeruka kwa uvivu. Swala anamwambia mbwa, mimi nina pumzi, utapoteza siku yako, nenda kwa mwingine. Na mbwa anasikia.

Kichwa Maji

Haya. Ila wahenga walisema simba mwenda pole ndiye mla nyama. Hawakusema mwenda mbio.

Dereva wa Nyika

Na wahenga walikuwa sahihi kuliko wengi wetu wenye darubini. Mtafiti Hopcraft na wenzake walichunguza sehemu ambazo simba wa Serengeti wanaua. Simba hawaui pale walipo wanyama wengi. Wanaua pale wanapoweza kuwafikia: kingo za mito, vichaka, majani marefu, makorongo. Mnyama mmoja penye maficho ana thamani kuliko mia uwanjani. Ndiyo maana nilimshangaa yule jike kuzaa uwanjani, kumbe uwanja ndio ukuta wake.

Msafiri wa Nanyuki

Salamu kutoka Kenya wandugu. Niko Nanyuki, na venye mmefika kwa maficho sina budi kuingilia, juu hapa kwetu Laikipia kuna stori inashinda zote.

Huku kuna ile migunga midogo yenye miiba na vinundu vyeusi, upepo ukipiga inapiga mluzi. Ndani ya vile vinundu wanaishi sisimizi wetu wa asili. Ndovu akija kung'oa tawi, wanamiminika hadi ndani ya mkonga. Ndovu mwenyewe, tani zote zile, anaachana na huo mti.

Sasa wakaja sisimizi wageni, wenye vichwa vikubwa, wakasambaa chini ya ardhi. Wakaua wale wenyeji na kula mayai yao. Mti ukabaki bila askari. Ndovu wakagundua, wakaanza kuvunja migunga mara tano hadi saba kuliko zamani. Nyika ikafunguka, macho yanaona mbali. Na nani anapenda nyika iliyofunguka? Punda milia. Simba akinyemelea anaonekana akiwa bado mbali.

Mtafiti wetu Douglas Kamaru na wenzake walifanya hiyo kazi pale hifadhi ya Ol Pejeta, ikatoka 2024. Mahali sisimizi wageni hawajafika, uwezekano wa simba kuua punda milia ni karibu mara tatu ya mahali wamefika. Mwaka 2003 punda milia walikuwa asilimia 67 ya windo la simba. Mwaka 2020 wakashuka hadi 42. Na nyati, ambao mwanzo hawakuwepo kabisa kwa hesabu, wakapanda hadi 42.

Simba hawakupungua. Walibadilisha menyu, wakaanza kupigana na nyati. Sisimizi, mzee! Mdudu unaweza kumkanyaga bila kujua.

Dereva wa Nyika

Msafiri, asante sana, kesho asubuhi nalipeleka hilo kijiweni. Yule mzee wa "wajinga ndio waliwao" atajibu nini akisikia simba amehamishwa kwenye pundamilia na sisimizi?

Na simba anayelazimika kwenda kwa nyati analipa. Nimemkuta dume Serengeti taya imening'inia, imevunjwa kwa teke au pembe, sijui. Alikuwa anakunywa maji yanamwagika upande mmoja. Wiki iliyofuata hatukumwona tena.

Kijana wa Lindi

Wakuu, nimesoma uzi wote kimya. Mnaongelea Serengeti kama sinema. Kwetu Lindi hii habari ya mwindaji na mwindwa tuliiishi, na mwindwa tulikuwa sisi.

Wanyama wakubwa waliisha zamani kwenye maeneo yetu, waliobaki ni nguruwe pori. Mahindi na mpunga vikikaribia kuvunwa, nguruwe wanaingia shambani usiku, kwa hiyo familia inahamia shamba. Baba alijenga dungu, nguzo nne na paa la makuti, anakaa juu na debe la kugonga. Simba anamfuata nguruwe. Akimkosa, dungu liko palepale na mtu kasinzia. Wengine dungu lao lilikuwa chini kiasi kwamba simba alihitaji kusimama tu.

Jirani yetu alichukuliwa hivyo. Asubuhi tulikuta debe juu ya dungu, na kiatu kimoja.

Dereva wa Nyika

Pole sana ndugu yangu. Na usemayo yana ushahidi. Mwaka 2005 mtafiti wa simba Craig Packer na Watanzania Dennis Ikanda na Bernard Kissui, pamoja na Hadas Kushnir, walionyesha kwamba tangu 1990 simba walikuwa wameua zaidi ya watu 560 nchini na kujeruhi wengine zaidi ya 300, wengi wakiwa kusini na Rufiji. Mashambulizi yanapanda wakati wa mavuno, na penye nguruwe pori wengi ndipo penye hatari kubwa. Kumbe kumwondoa nguruwe shambani ni sehemu ya kumwondoa simba. Mfereji mzuri kuzunguka shamba unaweza kufanya kazi kuliko bunduki.

Packer na wenzake walirudi tena 2011 wakapima mwezi. Siku za mbalamwezi simba anawinda vibaya kwa sababu anaonekana, anakaa na njaa. Mwezi ukishapevuka, kuanzia usiku unaofuata unachelewa kuchomoza, kwa hiyo kuna saa za giza nene mara baada ya magharibi, watu bado wako nje na simba ana njaa ya siku kadhaa. Hizo ndizo siku walizoona mashambulizi mengi kuliko zote.

Mama Tausi

Kwa hiyo hatari ni baada ya mwezi mpevu, si kabla? Nywele zimenisimama.

Kijana wa Lindi

Ngoja kwanza. Bibi yetu alikuwa na sheria yake. Mwezi ukiwa mkubwa anatuacha tucheze nje hadi usiku. Ukishaanza kuchelewa tu, jua likizama anafunga mlango na kukalia kigoda mbele yake, anasema "subirini mpaka utoke." Tulidhani anaogopa wachawi.

Choo kilikuwa hatua thelathini kutoka mlangoni. Siku hizo tulikuwa tunakojoa kwenye ndoo.